Igizo bubu la televisheni ni nini?

Igizo bubu ni hadithi inayosimuliwa kwa vitendo: mwili, uso, macho na vitu alivyoshika mhusika. Watu hawasemezani, na wakisema ni neno moja moja lisilobeba kisa. Jina lisikufanye udhani ni ukimya. Mlango unalia, viatu vinasikika sakafuni, mtu anashusha pumzi, muziki unaingia. Kinachokosekana ni mazungumzo tu. Wala si lugha ya alama, maana hiyo ni lugha kamili yenye sarufi yake, na wanaoitumia wanazungumza.

Mfano tunaoujua wengi ni Mr. Bean, kipindi cha mchekeshaji Rowan Atkinson kilichoanza kuonyeshwa na televisheni ya ITV ya Uingereza tarehe 1 Januari 1990. Katika kipindi hicho cha kwanza Bean yuko ufukweni, anataka kuvaa nguo ya kuogelea, lakini karibu yake ameketi mwanamume mwenye miwani ya jua. Haya zinamshika. Anaivaa kaptula ya kuogelea juu ya suruali, kisha anahangaika kuichomoa suruali kwa ndani, anavuta huku, anasukuma kule, macho yakimrudia yule jirani kila mara. Kazi inapokwisha, jirani anainuka na kwenda zake akipapasa njia kwa fimbo nyeupe. Kumbe haoni.

Hapo hapana cha kutafsiri. Aliyewahi kubadili nguo pwani huku kabana kanga kwa meno anaijua hofu hiyo ya kukosa stara. Bibi yangu hakujua Kiingereza. Filamu nyingine tulikuwa tukimsimulia pembeni, lakini kwa Bean yeye ndiye aliyetangulia kucheka.

Ndiyo maana igizo bubu hushikamana na mambo ya kila siku: kula, kuvaa, kusinzia kanisani. Jambo geni hudai maelezo, na maelezo hudai maneno. Kwa hiyo mtunzi humpa mhusika shida moja inayoonekana kwa macho, halafu kamera inatulia tumwone akifikiri. Kwangu mimi, ugumu wote wa sanaa hii uko hapo, kuyafanya mawazo ya mtu yaonekane.

Hata vikaragosi huweza. Katika Shaun the Sheep, tamthilia ya vikaragosi iliyoanza 2007 na kutengenezwa na studio ya Aardman ya Bristol, Uingereza, kondoo wanalia kikondoo na mkulima anaguna tu, hatamki neno. Hata hivyo unajua lini amekasirika, lini amechoka na lini kuna kitu anakitafuta.