Mfu wa kuonewa huruma katika katuni za kutisha

Mfu wa kuonewa huruma ni mhusika aliyekufa lakini bado anatembea, ambaye mtazamaji huanza kwa kumwogopa na kuishia kumtetea. Anapatikana sana kwenye katuni za kutisha za familia, hasa zile za vikaragosi vinavyosogezwa na kupigwa picha moja moja, picha 24 kwa kila sekunde ya filamu.

Kazi huanzia machoni. Mwili unaruhusiwa kuoza, macho hapana. Emily, bibi harusi mfu wa filamu ya Corpse Bride (2005), ana ngozi ya buluu, mkono mmoja mifupa mitupu, na funza anayeishi nyuma ya jicho. Jicho likimtoka watoto hucheka, maana hakuna damu wala usaha. Likirudi mahali pake, bado lina majonzi. Kichwa cha kikaragosi chake kilikuwa na gia ndogo ndani: fundi alipitisha ufunguo mwembamba sikioni, akazungusha kidogo, uso ukabadilika. Coco (2017) ilienda mbali zaidi, ikayatia mafuvu macho kabisa. Matundu matupu hayalii.

Kisha inakuja dhuluma. Emily alitoroka nyumbani na vito vyake ili aolewe, na mchumba huyo huyo akamuua. Hapa Mtanzania hahitaji maelezo marefu: katika masimulizi ya msukule, yaani mtu anayedhaniwa amekufa kumbe amechukuliwa kichawi, mwovu ni mchawi aliyemchukua, si yule anayelimishwa usiku.

ParaNorman (2012) ilichagua njia ngumu, na kwa maoni yangu ndiyo bora. Wafu wake wana hatia: walimhukumu kifo msichana wa miaka 11 kwa uchawi, naye akawalaani. Wanapofufuka baada ya miaka 300, watu wa mji wanawavamia kwa silaha. Filamu haiwafutii kosa. Hofu iliyowafanya wamhukumu mtoto ndiyo sasa inayowakimbiza wao barabarani.

Kinachoharibu mara nyingi ni haraka. Mfu akichekesha tangu dakika ya kwanza, hakuna woga wa kugeuzwa kuwa huruma. Ndiyo maana Emily hatambulishwi kwa sura: Victor, kijana anayejiandaa kuoa, anavisha pete kitu anachodhani ni kijiti, kumbe ni kidole cha Emily, na mkono unamdaka. Kosa jingine ni kuzidisha mzaha wa viungo kudondoka. Mkono ukishachomoka na kurudishwa mara tano, mtazamaji haamini tena kwamba mhusika huyo anaweza kuumia, na hata kilio chake cha kweli kitachekwa.