Ida Lupino na miaka yake ya televisheni: yanayosemwa na yaliyokuwa

Mtaje Ida Lupino mbele ya mashabiki wa filamu za zamani, na wengi watamkumbuka kama mwigizaji, yule mzaliwa wa London aliyecheza na Humphrey Bogart kwenye High Sierra mwaka 1941. Wachache wataongeza kwamba aliongoza filamu pia. Ukifika kwenye televisheni, ambako aliongoza vipindi tangu 1956 hadi miaka ya 1960 ikielekea ukingoni, unasikia maneno mepesi, na mengine si ya kweli. Nayaandikia haya kwa sababu kazi ile ilikuwa kubwa, na inavyosimuliwa inamwonea.

"Ndiye mwanamke wa kwanza kuongoza filamu Hollywood."

Siye. Lois Weber aliongoza tangu enzi za filamu zisizo na sauti, na Dorothy Arzner akaendelea hadi 1943. Lupino alipojiunga na chama cha waongozaji wa Marekani mwaka 1950, alikuwa mwanamke wa pili kuingia, baada ya Arzner. Ila Arzner alikuwa ameshaacha kuongoza filamu, ndiyo maana mikutano ya chama ilikuwa ikifunguliwa kwa "Mabwana, na Bi Lupino".

"Alikimbilia televisheni baada ya sinema kumshinda."

Hili ndilo linaloniudhi kuliko yote. Kati ya 1949 na 1953 Lupino na Collier Young, mumewe hadi 1951, walitengeneza filamu za bajeti ndogo kuhusu mambo ambayo studio kubwa zilikuwa zikiyakwepa. Not Wanted inamhusu binti aliyezaa nje ya ndoa. Lupino alishiriki kuiandika, na mwongozaji Elmer Clifton alipopata shambulio la moyo, akaibeba kazi ile yeye bila jina lake kuandikwa kama mwongozaji. Never Fear ni habari ya mcheza dansi aliyepatwa na polio, ugonjwa uliomshika Lupino mwenyewe mwaka 1934. Outrage inamfuata msichana aliyebakwa, na inakaa naye hata baada ya tukio, pale ambapo macho ya watu yanageuka kuwa adhabu ya pili. Kisha ikaja The Hitch-Hiker ya 1953: wanaume wawili wanampa lifti mtu njiani, kumbe ni muuaji. Zote hizo aliziongoza, na kwenye zote kalamu yake ilikuwemo.

Hapo pa kumwita mtu aliyeshindwa pako wapi? Kilichoiangusha kampuni yao, The Filmakers, ni usambazaji. Wenzake waliamua kusambaza filamu wenyewe badala ya kupitia kampuni kubwa. Lupino alipinga, hakusikilizwa, na mzigo ukawazidi. Baada ya hapo kazi ilikuwa kwenye televisheni, naye akaifuata ilipo.

"Four Star ilikuwa kampuni yake."

Alikuwa nyota wa nne wa Four Star Playhouse, kipindi cha kampuni hiyo kilichoanza 1952, pamoja na Dick Powell, David Niven na Charles Boyer. Hao watatu walikuwa na hisa kwenye kampuni. Yeye hakuwa na hata moja.

"Televisheni ya mwanzo yote ilikuwa laivu."

Tamthilia nyingi za New York zilikuwa hivyo kweli, mwigizaji akikosea nchi nzima inaona. Lakini kichekesho cha I Love Lucy kilirekodiwa kwenye filamu Los Angeles tangu 1951, na kadiri muongo ulivyosonga, Hollywood ikawa kiwanda cha vipindi vya filamu. Lupino aliongoza upande huo. Kipindi cha nusu saa kilikuwa kikipigwa kwa takriban siku tatu, kwa hiyo watayarishaji walimtafuta mtu anayefika asubuhi akijua kamera inakaa wapi. Mtu aliyezoea bajeti ndogo hakuhitaji kufundishwa hilo.

"Kwenye televisheni aliendelea kuandika na kuongoza kama zamani."

Laiti ingekuwa hivyo. Televisheni ilikikata cheo chake vipande viwili. Mtayarishaji na waandishi walikaa na kipindi msimu mzima, mwongozaji akaitwa kama fundi wa wiki moja. Alikuta skripti imeshapitishwa na mhusika mkuu ana sura, mavazi na tabia ambazo watazamaji wameshazizoea. Akimaliza, anahamia seti nyingine. Kwa Lupino, aliyekuwa akianza na ukurasa mtupu, hiyo ilikuwa hasara kubwa, na sioni kwa nini tuifiche kwa kuorodhesha tu wingi wa vipindi alivyoongoza. Alipata kazi nyingi kuliko alivyowahi kupata kwenye sinema, ila kalamu kwa sehemu kubwa ilishikwa na wengine.

Tazama The Twilight Zone, mfululizo wa hadithi za ajabu. Una vipindi 156, na Rod Serling, aliyeubuni, aliandika 92 kati ya hivyo. Lupino aliongoza kimoja tu, The Masks, kilichorushwa Machi 1964. Hakuna mwanamke mwingine aliyeongoza kipindi kwenye mfululizo huo wa asili. Skripti ni ya Serling. Tajiri mgonjwa wa New Orleans, usiku wa Mardi Gras, sherehe ya mji ambapo watu huvaa vinyago, anawaambia warithi wake wanne wavae vinyago vya kutisha hadi saa sita usiku, la sivyo hawapati kitu. Naye anavaa chake, fuvu la kifo.

Sasa fikiria tatizo la mwongozaji. Televisheni ya wakati ule iliishi kwa sura ya mwigizaji, kwa sababu kioo kilikuwa kidogo na picha ya karibu ndiyo iliyobeba kila kitu. Hapa watu watano wamekaa sebuleni na nyuso zao zote zimefunikwa, vinyago havikunji hata kope. Kilichobaki ni sauti inayolalamika, mabega, namna mtu anavyojigeuza kitini, na mahali pa kuiweka kamera. Kwa hayo Lupino aliujenga uchoyo wa familia nzima, na vinyago vinapovuliwa na nyuso za chini yake zikaonekana zimechukua umbo lilelile, unaamini. Neno hakuandika, lakini hiyo ni kazi yake.

"Alipewa hadithi za wanawake."

Kinyume chake. The Hitch-Hiker karibu yote ni wanaume, na televisheni ikamwita kwa bunduki na hofu: Have Gun – Will Travel, Thriller, The Fugitive, Alfred Hitchcock Presents. Vichekesho kama Gilligan's Island na Bewitched aliviongoza pia.

"Walimwita Mama kwa sababu alikuwa mpole."

Ulikuwa mkakati. Mwaka 1967 alieleza mwenyewe, kwenye jarida la chama cha waongozaji, kwamba aliepuka kuwaamrisha mafundi wanaume. Aliwaambia Mama ana tatizo, akawauliza kama wanaweza kumsaidia, na picha ikapigwa alivyotaka. Mwongozaji wa kiume hakulazimika kuzunguka hivyo.

Maktaba ya Bunge la Marekani iliiingiza The Hitch-Hiker kwenye orodha ya filamu za kuhifadhiwa mwaka 1998, na Outrage mwaka 2020. Kazi yake ya televisheni imetawanyika chini ya majina ya vipindi vya watu wengine, kwa hiyo anayeitaka inabidi aifuate kipindi kwa kipindi. Aanze na The Masks.