Maverick ni nani? Ndama asiye na chapa na siasa za Marekani

Ukifuatilia siasa za Marekani, huchukui muda kukutana na neno maverick. Seneta kapiga kura kinyume na chama chake, anaitwa maverick. Gavana kagoma kumuunga mkono rais wa chama chake, naye ni maverick. Kwenye vitabu vya wasifu limejaa vilevile, hasa vile vinavyohusu watu wa majimbo ya magharibi: Texas, Montana, Arizona, Oregon. Kwa matumizi ya leo ni mtu aliye ndani ya kundi lakini haendi na kundi, anayeamua kwa kichwa chake na kuwa tayari kulipia gharama yake. Huyu si mpinzani, maana mpinzani ana kambi yake. Wala si mwasi, kwa kuwa mwasi anataka kubomoa au kuondoka. Maverick hubaki humo humo, anakaa vikao vyote na wenzake, na saa ya kura ikifika anawaacha midomo wazi.

Watu wengi hulichukua kama sifa. Historia yake ina mambo mengi zaidi ya sifa, na inaanzia kwa ng'ombe.

Texas ya katikati ya karne ya 19 haikuwa na ua. Seng'enge ya Joseph Glidden, iliyokuja kuyagawa malisho yale, ilipata hataza mwaka 1874 tu. Kabla ya hapo ng'ombe wa pembe ndefu walijilisha wenyewe nyikani, wa huyu wakichanganyika na wa yule. Kilichowatofautisha ni chapa: chuma chenye alama ya mwenye mali, kinapashwa moto mpaka kiive, kisha kinagandamizwa ubavuni au pajani mwa mnyama. Wafugaji wa kwetu hawahitaji kuelezwa harufu yake. Msimu wa kukusanya mifugo ukifika, wapanda farasi waliwaswaga ng'ombe wote pamoja na kutazama kila ndama anamfuata nani. Mama akiwa na chapa fulani, ndama naye alichomwa chapa hiyo hiyo. Kesi imekwisha.

Taabu ilikuwa kwa yule aliyeacha kunyonya kabla hajachomwa. Mama amekufa, au amepotea, na mtoto anazurura peke yake akiwa na ngozi safi. Wa nani? Kwa desturi ya nyika, aliyemtia kamba na kumchoma chapa yake ndiye mwenyewe. Ng'ombe wa namna hiyo ndiye aliyeitwa maverick, na jina hilo lilikuwa la mtu.

Samuel Augustus Maverick alizaliwa South Carolina mwaka 1803, akasoma Yale, akawa mwanasheria, akafika Texas mwaka 1835 wakati eneo hilo bado ni la Meksiko. Mwaka uliofuata alikuwa ndani ya ngome ya Alamo pale askari walipomchagua awawakilishe kwenye mkutano wa kutangaza uhuru wa Texas. Alitoka siku chache tu kabla ngome haijaanguka mikononi mwa jeshi la Meksiko na waliobaki kuuawa. Mwaka 1839 akawa meya wa San Antonio. Mwaka 1842 jeshi la Meksiko liliuteka mji huo kwa muda, likamchukua pamoja na wenzake na kuwatembeza hadi gereza la Perote, ndani kabisa ya Meksiko. Huko alipewa njia ya kutoka mapema, akubali tu kwamba Texas irudi chini ya Meksiko. Alikataa kusema asichokiamini, akaendelea kukaa gerezani mpaka mwaka 1843.

Ukitafuta maverick kwa maana ya leo katika maisha yake, ni pale Perote. Jina lake, hata hivyo, lilienea kwa jambo tofauti kabisa: ng'ombe aliowapuuza. Katikati ya miaka ya 1840 mdaiwa mmoja alimlipa deni la dola 1,200 kwa ng'ombe 400 badala ya fedha. Maverick hakuwa mfugaji, wala hakutaka kuwa. Shauku yake ilikuwa ardhi. Alipofariki mwaka 1870 alikuwa na zaidi ya ekari 300,000. Ng'ombe wale aliwaacha kwenye rasi ya Matagorda, kipande cha mchanga kando ya Ghuba ya Meksiko, chini ya uangalizi wa familia ya watumwa wake. Ndama wengi hawakuchomwa chapa, wakatangatanga, majirani wakaanza kutania: yule asiye na alama bila shaka ni wa Maverick. Halafu majirani hao hao wakawa wanawachoma chapa zao wenyewe. Mwaka 1854 aliwahamishia kwenye malisho ya Conquista, kando ya mto San Antonio. Miaka miwili baadaye aliuza wote, pamoja na chapa.

Baadaye zilizuka hadithi mbili. Moja ilidai kwamba alikuwa na huruma kupita kiasi, hakutaka kuwaunguza wanyama. Nyingine ilimfanya mjanja: eti aliacha wake bila alama ili kila ng'ombe asiye na alama katika Texas nzima awe wake. Familia ilizikanusha zote mbili, na mwanawe George aliandika kueleza jinsi ilivyokuwa. Ukweli wake hauna mbwembwe: mwenye mali hakujishughulisha, na kazi aliwaachia watu waliokuwa hawalipwi. Kitabu cha historia ya eneo kinachoruka sehemu hii ya pili kinakupa nusu ya habari. Mkewe, Mary, aliacha kumbukumbu zake zilizochapishwa mwaka 1921, na humo maisha ya San Antonio ya miaka hiyo yanaonekana kwa jicho la mtu wa nyumbani, watumwa wakiwemo.

Vita vya Wenyewe kwa Wenyewe, 1861 hadi 1865, ndivyo vilivyoligeuza neno la utani wa kijijini kuwa neno la biashara. Wanaume walikwenda vitani, ng'ombe wakazaana bila mtu wa kuwachoma. Waliporudi walikuta nyika imejaa mifugo isiyo na alama, na reli iliyofika Abilene, Kansas, ikawafungulia soko la kaskazini kuanzia mwaka 1867. Kumtafuta maverick ikawa kazi ya kumwinua mtu asiye na kitu: farasi, kamba, chuma cha moto, na subira. Matajiri kadhaa wa Texas walianza hivyo.

Wakishatajirika, desturi ile ile wakaanza kuiita wizi. Hapa ndipo, kwa maoni yangu, neno hili linapofundisha zaidi. Katika jimbo la Wyoming wenye makundi makubwa walikuwa na chama chao cha wafugaji chenye nguvu, na mwaka 1884 sheria ilipitishwa iliyokipa usimamizi wa kukusanya mifugo. Kila maverick aliyepatikana aliuzwa mnadani, na fedha zikaenda kwenye mfuko wa chama hicho kulipia wakaguzi wake. Mfugaji mdogo aliyeshukiwa, hata bila kuhukumiwa, alijikuta nje ya utaratibu mzima. Ndama asiye na chapa alikuwa amepata bwana kwa sheria, na aliyeendelea kumchoma kwa desturi ya zamani akawa mhalifu.

Mgogoro ulifikia damu Aprili 1892, katika kaunti ya Johnson. Wakubwa walikodi watu wa bunduki, wengi wao kutoka Texas, wakawapakia kwenye treni kutoka Cheyenne wakiwa na orodha ya watu wa kuuawa. Kituo cha kwanza kilikuwa kibanda cha magogo kwenye ranchi ya KC, alimokuwa Nate Champion, mmoja wa wafugaji wadogo, na mwenzake Nick Ray. Ray alipigwa risasi alipotoka nje asubuhi. Champion akamvuta ndani. Kwa saa nyingi alijibu mapigo peke yake, na risasi zikitulia kidogo alichukua penseli na kijitabu akaandika yanayomtokea: hali ya Ray, kifo chake, sauti anazozisikia upande wa banda. Mwishowe walikichoma moto kibanda. Alitoka akikimbia, wakamuua. Majirani walipopata habari walikusanyika kwa mamia na kuwazingira wavamizi kwenye ranchi nyingine, mpaka Rais Benjamin Harrison akatuma wapanda farasi wa jeshi kwenda kuwaokoa. Ndiyo, waliookolewa ni wavamizi. Hakuna aliyehukumiwa.

Kufikia miaka ya 1880 magazeti yalikuwa yameshaanza kuwaita wanasiasa kwa jina hilo. Mwanasiasa asiye na chapa ni yule ambaye hakuna mwenye mamlaka ya chama, wala kampuni ya reli, anayeweza kusema "huyu ni wangu". Magharibi lilishika mizizi kwa sababu vyama huko vilikuwa vichanga na watu walikuwa na hasira na reli na mabenki ya mashariki. North Dakota ilifika mahali ikaanzisha benki ya jimbo, mwaka 1919, na ipo mpaka leo.

Kuna jambo la utaratibu ambalo msomaji wa Tanzania au Kenya anaweza kulipita bila kuliona. Kwetu mbunge anayejitoa kwenye chama chake hupoteza kiti. Marekani haiko hivyo: kiti ni cha aliyechaguliwa, na anayeamua nani asimame kwa tiketi ya chama ni wapiga kura wa jimbo katika kura ya mchujo, viongozi wa chama wapende wasipende. Chama kinaweza kumnyima nafasi kwenye kamati, kinaweza kumtafutia mshindani, lakini hakiwezi kumfuta ubunge kwa barua. Bila kinga hiyo maverick asingedumu. Wala tusimchanganye na mgombea binafsi, maana wengi wao hawakutoka kwenye vyama vyao kabisa.

Wayne Morse wa Oregon ni mfano mzuri kwa kuwa alipitia njia zote. Aliingia Seneti kama Mrepublican, akajitoa mwaka 1952 na kubaki bila chama. Kikao kipya kilipoanza mwaka 1953 aliingia na kiti chake cha kukunja na kukiweka kwenye njia inayotenganisha pande mbili za ukumbi, kuonyesha kwamba hana upande. Walimvua kamati zake kubwa. Mwaka 1955 akajiunga na Wademokrati, na mwaka 1964 aliwakera hao nao: azimio la kumpa Rais Johnson mkono huru Vietnam lilipita Seneti kwa kura 88 kwa 2. Moja ya hizo mbili ilikuwa yake, nyingine ya Ernest Gruening wa Alaska.

Jeannette Rankin wa Montana alilipa zaidi. Alichaguliwa mwaka 1916, mwanamke wa kwanza kuingia katika Bunge la Marekani, wakati wanawake wa majimbo mengi bado hawana kura. Aprili 1917 alikuwa mmoja wa wajumbe 50 waliokataa Marekani kuingia Vita vya Kwanza vya Dunia, ila akiwa mwanamke pekee macho yote yalikuwa kwake. Aliporudi bungeni zaidi ya miaka ishirini baadaye, ilimkuta tarehe 8 Desemba 1941, siku moja baada ya Japani kushambulia kambi ya Marekani ya Pearl Harbor. Kura 388 zilitaka vita na Japani. Moja ilikataa. Umati ulimzonga mpaka akajifungia kwenye kibanda cha simu na kuita polisi wamtoe. Hakugombea tena kiti hicho, lakini mwaka 1968, akiwa na miaka 87, aliongoza maandamano ya wanawake Washington kupinga vita vya Vietnam.

Katika ukoo wa Maverick wenyewe, aliyestahili jina kwa maana ya kisiasa ni mjukuu. Maury Maverick aliingia Bungeni mwaka 1935 akitokea San Antonio. Muswada wa kupambana na mauaji ya kinyama ya watu weusi ulipofika mwaka 1937, wabunge wa Kusini walijipanga kuupinga. Yeye akauunga mkono. Mwaka uliofuata alishindwa kwenye kura ya mchujo. Alirudi kama meya wa San Antonio, akawaruhusu Wakomunisti kufanya mkutano kwenye ukumbi wa jiji kwa hoja kwamba katiba inawalinda nao, ghasia zikazuka, na uchaguzi wa 1941 akashindwa.

Ndiyo maana mwaka 2008, John McCain wa Arizona alipojinadi kama maverick katika mbio za urais, baadhi ya wana ukoo walilalamika hadharani kwamba jina lao linavalishwa asiyestahili. McCain alikuwa na kura zake za kuwakera wenzake, na maarufu kuliko zote ilikuja baadaye, usiku wa Julai 2017, aliposhusha dole gumba mbele ya Seneti na kuzima juhudi za chama chake za kufuta sheria ya bima ya afya ya Obama. Mwaka 2008, hata hivyo, neno lilikuwa limeandikwa na wasimamizi wa kampeni. Nikikuta wasifu wenye neno hilo kwenye jalada, huanza kwa kutafuta ile kura iliyomgharimu mtu huyo kiti, kamati au marafiki. Kama haipo, kilichobaki ni tangazo.