Gert Fröbe na sauti isiyo yake

Ukimtaja Gert Fröbe, wengi hukumbuka sura moja tu: yule bwana mnene, mwenye nywele nyekundu, anayemfunga James Bond juu ya meza ya dhahabu na kumwelekezea mwale wa leza. Filamu ni Goldfinger, jina la bwana huyo, ya 1964. Mwigizaji huyu wa Kijerumani alikuwa na miaka 51 wakati huo, na umaarufu wa filamu hiyo umezaa maneno mengi yasiyo ya kweli juu yake.

"Ile sauti nzito ni yake"

Hapana. Kiingereza kilimpiga chenga kabisa, akawa anakariri sentensi kwa matamshi tu. Mwongozaji Guy Hamilton alimwambia aseme harakaharaka, ili midomo yake ilingane na sauti itakayopachikwa baadaye. Unayemsikia ni mwigizaji wa Uingereza, Michael Collins. Anayetaka kumsikia Fröbe mwenyewe atafute toleo la Kijerumani, maana huko alijitilia sauti. Hata hivyo sioni kama sifa zote ziende kwa Collins: ule mwili, yale macho na lile tabasamu la mtu anayejua kuwa fedha zake zinatosha, havikuazimwa kwa mtu.

"Waingereza walimwibua kusikojulikana"

Walimfuata kwa sababu ya kazi aliyoifanya 1958 katika Es geschah am hellichten Tag, filamu iliyopigwa Uswisi na kuandikwa na Friedrich Dürrenmatt. Humo Fröbe ni Schrott, muuaji wa watoto wa kike. Nyumbani anafokewa na mkewe, naye anakaa kimya kama mtoto aliyeadhibiwa. Kisha anachukua gari, anaenda msituni, anamtoa binti mdogo woga kwa chokoleti na kikaragosi cha kuvaa mkononi. Hapigi kelele wala hatoi macho. Unajikuta nusura umwonee huruma, halafu unakumbuka amekuja kufanya nini. Kwangu mimi hiyo ndiyo kazi yake kubwa, na Goldfinger hamfikii.

"Siku zote alikuwa na kitambi"

Tazama Berliner Ballade ya 1948. Fröbe ni ng'onda! Anaigiza Otto Normalverbraucher, askari anayerudi kutoka kwenye kambi ya mateka na kuikuta Berlin ni vifusi. Jina hilo la ukoo, yaani "mtumiaji wa kawaida", lilitokana na kadi za mgao wa chakula, na hadi leo Wajerumani hulitumia kumtaja mwananchi wa kawaida. Na kabla ya sinema, kijana huyu wa Planitz, karibu na Zwickau, alikuwa mpiga fidla, kisha akajifunza kuchora mandhari za jukwaani huko Dresden.

"Alikuwa Mnazi sugu" au "hakuwahi kuwa Mnazi"

Hapa pande zote mbili huteleza. Alijiunga na chama cha Nazi 1929, akiwa na miaka 16, Hitler akiwa bado hajashika madaraka. Akajitoa 1937. Mwaka 1965 gazeti la Daily Mail la Uingereza lilichapa mahojiano yaliyomwonyesha akikiri uanachama wake, naye akalalamika kuwa maneno yake yamepotoshwa. Israel ikapiga marufuku filamu zake. Ndipo Myahudi mmoja alipokwenda ubalozi wa Israel mjini Vienna na kueleza kwamba wakati wa vita Fröbe alimficha yeye na mama yake. Marufuku ikaondolewa. Ushahidi huo haufuti kadi ya chama, lakini anayeishia kwenye kadi tu anasimulia nusu ya habari.

"Alijua kuigiza watu wabaya tu"

Katika Those Magnificent Men in Their Flying Machines, ya 1965, ni ofisa wa Kijerumani anayeamini kitabu cha maelekezo kinatosha kurusha ndege. Anakifungua, anasoma agizo la kwanza: keti. Anaketi. Mwaka uliofuata akawa Jenerali von Choltitz, kamanda wa Kijerumani wa Paris wakati wa vita, na 1974 akavaa kofia ya jambazi Hotzenplotz katika filamu ya watoto. Kwao Ujerumani wapo wanaomkumbuka kwa huyo Hotzenplotz kabla ya Goldfinger.