Umuada ni mabinti wa ukoo, si wake zake

Neno umuada limeingia Afrika Mashariki kwa njia ya filamu za Nigeria, na kila ninapolikuta limefafanuliwa vilevile: eti ni umoja wa wanawake wa Kiigbo, yaani wa kabila la Waigbo wa kusini-mashariki mwa Nigeria. Wengine huandika "akina mama wa kijiji". Hivi karibuni nimesoma maelezo ya mtu kwamba mwanamke akiolewa na Mwigbo anapokelewa na kuingizwa katika umuada wa kwao mume. Hayo ni kinyume kabisa. Ukiolewa na Mwigbo, umuada wa ukoo ule ndilo kundi usiloweza kuingia hata ukikaa pale miaka sitini na kuzaa watoto kumi.

Maana yenyewe ni fupi. Umuada ni wanawake wote waliozaliwa katika ukoo mmoja wa upande wa baba: walioolewa, wasioolewa, walioachika, wajane. Wanaingia kwa kuzaliwa tu. Mahari haiwatoi, wala talaka haiwarudishi, maana hawakuwahi kutoka. Kiongozi wao ni yule aliyewatangulia wote kuzaliwa, na utajiri au umaskini wa mume wake huko alikoolewa hauhusiki.

Sasa tulitazame neno, kwa sababu upotoshaji unaanzia hapo. Msomaji wa Kiswahili akiona "ada" anakumbuka ada yetu, ile ya mila na ya malipo, tuliyoipata kwa Waarabu, kisha anahitimisha kwamba umuada ni "walinzi wa mila". Maneno haya mawili hayana undugu wowote. Na msomaji wa Rwanda au Burundi akiona "umu-" anadhani ni kiambishi kama cha umuntu. Nacho sicho. Katika Kiigbo umu ni neno kamili: mtoto mmoja ni nwa, watoto wengi ni umu, na ndiyo sababu vijiji vingi vya Kiigbo vina majina yanayoanza na Umu, yaani wazao wa fulani. Ada ni binti, na hasa binti wa kwanza wa nyumba. Ndilo hilo unalolisikia katika Adaeze, binti wa mfalme, na katika Adaobi na Adanna. Binti wa kwanza ana heshima yake mwenyewe kwao, lakini neno linapokuwa umuada linawachukua mabinti wote wa ukoo, kitinda mimba pia. Kwa hiyo huwezi kusema "umuada mmoja alikuja". Mmoja ni nwada. Tena si Waigbo wote wanaotumia jina hili. Sehemu za jimbo la Anambra utasikia umuokpu, na kundi ni lilelile.

Neno hili lina pacha wake ambaye wafafanuzi wengi humwacha nje: umunna, watoto wa baba, yaani ukoo wenyewe kama wanaume wanavyouendesha kila siku. Watu wa umunna moja hawaoani. Hapo ndipo mambo yote yanapopata maana. Kama huwezi kuoa ndani ya ukoo, basi kila binti anayeolewa anakwenda kuishi kwingine, na kila mke anakuja kutoka kwingine. Katika kila ukoo yanapatikana makundi mawili ya wanawake yasiyochanganyika. Kuna waliozaliwa hapa na kuolewa kwingine, ndio umuada. Na kuna waliozaliwa kwingine na kuolewa hapa, ambao huitwa inyomdi, wake. Mwanamke aliyeolewa yumo katika makundi yote mawili, ila si mahali pamoja: kwao ni nwada, kwa mume ni mke. Anaweza asubuhi kuwa nyumbani kwa mumewe anasikiliza kwa adabu maagizo ya mabinti wa ukoo ule, na kesho yake akapanda gari kwenda kwao, akawa yeye ndiye anayeagiza. Ukiuliza mwanamke wa Kiigbo ana nafasi gani katika jamii bila kutaja yuko kwa nani wakati huo, swali lako halina jibu.

Kiswahili kinatusaidia hapa kuliko tunavyokitumia. Umuada kwa wanaume wa ukoo ni dada zao. Kwa watoto waliozaliwa pale ni mashangazi. Kwa wake walioolewa pale ni mawifi. Kasoro ya neno wifi ni kwamba sisi tunaitana wifi pande zote mbili, kana kwamba tuko sawa, wakati kwa Waigbo haiko hivyo. Nwada humwita mke wa kaka yake nwunye anyi, mke wetu, na katika mambo mengi ya ukoo anahesabiwa upande wa waume. Mke anayekosa adabu, au anayedaiwa kukosa, anaweza kuitiwa umuada kama vile angeitiwa wazee.

Kazi yao kubwa inaonekana kwenye msiba. Mtu wa ukoo akifa, umuada hurudi kutoka kote walikoolewa, hukaa siku kadhaa kwa hesabu ya juma la Kiigbo la siku nne, Eke, Orie, Afo na Nkwo, na wana haki ya kulishwa na kupewa sehemu yao ya nyama. Familia inayowadharau inajua itakachovuna, kwa sababu mazishi waliyoyasusia ni aibu ya muda mrefu. Halafu kuna usuluhishi. Ndugu wakigombana juu ya mpaka wa shamba hadi hawasemeshani, wanaoitwa ni mabinti wa ukoo. Kwa mila hawakurithi ardhi ile, wala hawaishi juu yake, kwa hiyo hakuna awezaye kusema wanajipendelea. Wanaipenda nyumba ya baba yao na hawana kipande ndani yake. Mamlaka yao yalijengwa juu ya kunyimwa.

Jambo hilo naliona zito, kwa sababu mwaka 2014 Mahakama ya Juu kabisa ya Nigeria, katika kesi ya Ukeje, iliamua kwamba mila ya Kiigbo inayomzuia binti kurithi mali ya baba yake inapingana na katiba. Mimi nafurahia hukumu ile bila kusita. Ila waandishi wanaoisherehekea kwa kusema kwamba "sasa binti wa Kiigbo amepata nafasi katika ukoo" wanakosea. Nafasi alikuwa nayo, tena ya kuogopwa. Alichokosa ni mali. Ni vitu viwili, na anayevichanganya hataelewa kwa nini mwanamke aliyenyimwa shamba la baba yake anaweza bado kusimama uani kwa baba huyohuyo na kuwanyamazisha kaka zake.

Sasa niseme juu ya vita vya wanawake vya 1929 dhidi ya utawala wa Waingereza, kwa kuwa siku hizi umuada wanapewa sifa isiyo yao. Novemba mwaka ule, huko Oloko, mtu aliyetumwa na chifu Okugo, chifu wa kuteuliwa na Waingereza, alimkuta mwanamke aitwaye Nwanyeruwa akikamua mafuta ya mawese na kumtaka ahesabu mbuzi, kondoo na watu wake. Wanaume walikuwa wameanza kutozwa kodi mwaka 1928 baada ya kuhesabiwa hivyohivyo, kwa hiyo wanawake walielewa mara moja zamu ni ya nani. Waliokwenda kwa Okugo wakamzunguka kwa nyimbo na ngoma walikuwa wakitumia silaha ya zamani inayoitwa kumkalia mtu: mnakusanyika nyumbani kwa mwanamume aliyekosa, mnamwimbia makosa yake usiku na mchana, mnagonga nyumba yake kwa michi, hamwondoki mpaka akubali. Silaha hiyo ilikuwa hasa ya wake, iliyopangwa kwenye mikutano yao iliyoitwa mikiri. Na habari zilienea haraka kwa sababu mkutano wa wake wa kijiji kimoja una mabinti wa vijiji vingi. Majani ya mchikichi yalipopelekwa huku na huku kuwa ishara, kila mmoja alikuwa na kwao pa kuyafikisha. Askari waliwaua wanawake zaidi ya 50 kabla mambo hayajatulia, na si Waigbo peke yao, Waibibio na majirani wengine walikuwamo. Waingereza waliviita vurugu za Aba. Wenyewe waliviita Ogu Umunwanyi, Vita vya Wanawake. Umunwanyi ni wanawake wote. Halikuchaguliwa jina la umuada.

Hata ile mikutano ya Agosti, ambapo wanawake wanaoishi Lagos, Abuja na kwingineko hurudi vijijini kujadili shule, zahanati na barabara, kwa kawaida ni ya wake wanaorudi kwa waume zao. Ukiiita mikutano ya umuada umewanyang'anya wake kazi yao.

Kosa linaloniuma zaidi linahusu wajane. Mtu huona katika filamu mjane ananyolewa nywele, anakatazwa kuoga, anatuhumiwa kumuua mumewe, na wanaosimamia ni wanawake. Kisha anaandika kwamba adui wa mwanamke wa Kiigbo ni mwanamke mwenzake. Unyanyasaji huo ulikuwapo na haujaisha. Jimbo la Enugu lilitunga sheria mwaka 2001 kuupiga marufuku, na lilikuwa na sababu. Lakini tazama ni wanawake gani. Ni dada za marehemu, wanaosimama upande wa ukoo wao mbele ya mtu wanayemwona mgeni, na kila aliyeolewa miongoni mwao anajua kwamba mume wake akifa, dada za huyo mume watamjia vilevile. Wanaharakati wanaoelewa hili huwaendea umuada wenyewe, kwa sababu hao ndio wenye uwezo wa kusema kwa ukoo kwamba mjane wetu haguswi.

Kwa hiyo, ndugu zangu mnaotafsiri na kufafanua, "mabinti wa ukoo" inatosha, na mmoja wao ni nwada. Mkiona kundi la wanawake linaingia uani kwenye msiba, msikilizeni jinsi wanavyomwita mjane. Wakimwita mke wetu, hao ni umuada. Wale waliokaa naye jikoni tangu alfajiri ni wake wenzake wa ukoo, na hao wana jina lao, inyomdi.