Wizi uliojificha kwenye majina

Kila ninapofundisha utafiti shirikishi, yaani utafiti ambao wanajamii wenyewe hushiriki kuufanya, hakosekani wa kuniuliza: haya maarifa ya wanajamii yanahakikiwaje? Swali ni la haki, ila mara nyingi huulizwa kana kwamba uhakiki ni mali ya chuo kikuu.

Mimi huwajibu kwa mfano wa Rajasthan, India. Mwaka 1994, MKSS, umoja wa wakulima na vibarua, ulianza kuitisha mikutano ya hadhara iitwayo jan sunwai. Walipata nakala za orodha za mahudhurio ya vibarua katika kazi za umma, wakazisoma kwa sauti mbele ya wanakijiji. Jina likitajwa, mwenyewe anasimama: mimi sikukanyaga hapo, wala sikulipwa. Majina mengine yalikuwa ya marehemu. Mkaguzi angejumlisha tarakimu zile usiku kucha na zingelingana, kwa sababu wizi haukuwa kwenye hesabu, ulikuwa kwenye majina. Na majina yanajulikana na jirani. Harakati hizo zilichangia kupatikana kwa Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya 2005.

Huko Love Canal, Marekani, mtaa uliojengwa penye dampo la zamani la taka za kemikali, mwaka 1978 Lois Gibbs na majirani zake walipita nyumba kwa nyumba wakiuliza maradhi na kutia alama kwenye ramani. Alama zilifuata mikondo ya maji iliyofukiwa zamani, ambayo wakazi wa siku nyingi waliikumbuka. Mwanasayansi Beverly Paigen aliuchukulia uchunguzi huo kwa uzito. Maafisa wa afya waliubeza kuwa ni takwimu za akina mama wa nyumbani.

Siku hizi watu wanapewa dodoso lililokwisha kuandikwa, wanatumwa kulijaza, na ripoti inaitwa shirikishi. Hicho ni kibarua tu. Nami nimewahi kufanya hivyo, mpaka mzee mmoja akaniuliza, "Mwanangu, haya majibu yetu tutayasikia lini?" Sikuwa na la kumjibu. Tangu hapo rasimu ya kwanza inasomwa kwao kabla ya kumfikia mfadhili.

Kuna jambo moja bado linanisumbua. Anayesimama hadharani kusema "sikulipwa" kesho yake atamwomba kazi msimamizi yuleyule. Kwa hiyo kabla ya mkutano nakaa faragha na kila aliyetajwa, na jina lake linasomwa akisema lisomwe.