John Cheever: Mpangaji Aliyeandika Habari za Wenye Nyumba

Katika miaka ya 1940, katika jengo moja la ghorofa upande wa mashariki wa Manhattan, mwandishi kijana alikuwa akivaa suti kila asubuhi na kuingia kwenye lifti pamoja na majirani waliokuwa wakienda maofisini. Majirani walitokea kwenye mlango mkuu wakaelekea kazini, naye akaendelea kushuka hadi kwenye chumba cha stoo kilichokuwa chini kabisa ya jengo. Huko alivua suti, akaitundika ili isikunjamane, akaketi na nguo za ndani tu na kuandika hadi mchana. Kisha alivaa tena suti yake na kupanda juu kula chakula na familia.

Nimefundisha hadithi fupi kwa miaka mingi, na ninapofika kwa John Cheever, mwandishi wa Marekani, huanza na kisa hiki, kwa sababu hakuna maelezo ya nadharia yanayomweleza vizuri zaidi. Cheever aliwajua kwa undani watu wanaovaa heshima kama vazi la kuazima, kwa kuwa alikuwa mmoja wao. Wasomaji wengi humchukulia kuwa mwandishi wa tabaka la wenye nyumba nzuri na mabwawa ya kuogelea, aliyewaandika akiwa ndani ya ua wao. Mimi naamini aliwaandika akiwa mpangaji, na tofauti hiyo ndiyo inayozipa hadithi zake uhai.

Alizaliwa tarehe 27 Mei 1912 mjini Quincy, jimbo la Massachusetts. Baba yake alikuwa katika biashara ya viatu, ambayo wakati huo ilikuwa tegemeo la miji mingi ya eneo hilo, na biashara hiyo ilipoanguka, mzee aliporomoka nayo. Mama alifungua duka la zawadi ili familia ipate kula. Kwa familia iliyojivunia nasaba yake ya kale, kuona mama akiuza vikorokoro huku baba akikaa nyumbani bila kazi lilikuwa jeraha ambalo mtoto hakupona, na hatimaye hata nyumba yenyewe iliwaponyoka. John aliondoka shule ya Thayer kabla ya kumaliza masomo, akaigeuza aibu hiyo kuwa hadithi aliyoiita "Expelled", yaani "Aliyefukuzwa", iliyochapishwa na jarida la The New Republic mwaka 1930, akiwa na miaka 18 tu. Mwaka 1935 jarida la The New Yorker lilipokea hadithi yake ya kwanza, na kwa miongo iliyofuata likachapisha zaidi ya hadithi zake 120. Alimwoa Mary Winternitz mwaka 1941, akajiunga na jeshi mwaka uliofuata, na mwaka 1943 akatoa mkusanyiko wake wa kwanza.

Mwaka 1951 familia ilihamia Scarborough, katika wilaya ya Westchester, kaskazini mwa jiji la New York. Hapa neno letu la kale "kiunga" linafaa kuliko "kitongoji", maana kiunga kina harufu ya bustani na miti ya matunda pembezoni mwa mji, na Westchester ndivyo ilivyokuwa: vijiji vya watu wenye uwezo vilivyopangana kandokando ya Mto Hudson, vikiunganishwa na jiji na reli moja. Si sawa na mitaa ya nyumba zinazofanana iliyojengwa kwa haraka baada ya Vita vya Pili vya Dunia kwa ajili ya askari waliorejea. Westchester ya Cheever ilikuwa mahali ambapo mwanamume alipanda treni asubuhi, akarudi jioni, akatengeneza kinywaji chake cha pombe kabla ya chakula, na Jumamosi akaenda kwenye sherehe nyumbani kwa mtu yuleyule atakayemwalika wiki ijayo. Nyumba waliyoishi akina Cheever ilikuwa ndogo, tena ya kupanga, ndani ya eneo kubwa la familia ya Vanderlip, watu wa benki. Kwa miaka kumi alikula na matajiri, akaogelea kwenye mabwawa yao, kisha akarudi kwenye kibanda alichokilipia kodi. Hakununua nyumba hadi mwaka 1961, huko Ossining, akiwa na miaka 48.

Ukilijua hilo, utaisoma kwa jicho jipya "The Housebreaker of Shady Hill" ya mwaka 1956. Johnny Hake anaishi Shady Hill, kiunga cha kubuni alichokirudia Cheever katika hadithi nyingi. Amepoteza kazi, na hawezi kumwambia mtu yeyote kwamba fedha zimekwisha. Usiku mmoja anaingia katika nyumba ya jirani ambaye amekula mezani kwake, ananyemelea hadi chumba cha kulala, na kuchukua pochi yenye takriban dola 900. Kuanzia hapo anaona wizi kila mahali, na hata mandhari ya asubuhi yanamshtaki. Mwishowe anarudishiwa kazi, anazirejesha fedha usiku, na akiwa njiani anakutana na polisi anayemfahamu. Anamwambia kwamba ametoka kumtembeza mbwa. Hakuna mbwa anayeonekana, lakini anaondoka akimwita mbwa huyo kwa furaha na kupiga mbinja gizani. Mwandishi mwingine angemwadhibu Hake au angemcheka. Cheever anamwachia aende zake akipiga mbinja, na mimi huona huruma hiyo kuwa ngumu zaidi kuiandika kuliko hukumu.

Si kwamba alikuwa mpole daima. Katika "The Five-Forty-Eight" ya mwaka 1954, iliyopewa jina la saa ya treni ya jioni, bwana mmoja aliyelala na katibu wake kisha akaamuru afukuzwe kazi anafuatwa na mwanamke huyo hadi ndani ya behewa, bastola ikiwa ndani ya mkoba. Abiria wengine ni majirani aliokosana nao, hivyo hakuna wa kumwokoa. Katika kituo cha Shady Hill analazimishwa kupiga magoti na kuweka uso wake kwenye vumbi. Mwanamke anatosheka, anaondoka, na bwana anaokota kofia yake na kutembea kwenda nyumbani.

Lakini kazi ninayoisoma tena kila mwaka ni "The Swimmer", iliyochapishwa Julai 1964. Cheever aliianza kama riwaya na kuandika kurasa nyingi za maandalizi, kisha akazikamua hadi zikabaki chache tu. Neddy Merrill, akiwa kwenye bwawa la rafiki yake Jumapili moja ya majira ya joto, anaamua kurudi nyumbani kwa kuogelea, kutoka bwawa la jirani mmoja hadi la mwingine, safari ya maili nane. Anaupa mfululizo huo wa mabwawa jina la mto, mto wa Lucinda, kwa heshima ya mke wake. Mwanzoni kila mtu anamkaribisha na kumpa kinywaji. Baadaye mvua ya radi inapita, na mti mmoja tayari una majani yaliyogeuka rangi. Bwawa la nyumba moja ni kavu, na nyumba yenyewe inauzwa. Wazee wawili wanampa pole kwa masaibu ambayo yeye hakumbuki kuwa yamempata. Wenyeji aliowadharau sasa wanamdharau yeye. Mwili unachoka, baridi inaingia, na usiku nyota anazoziona ni za majira ya majani kupukutika.

Ustadi wake uko hapa: hakuna sentensi hata moja inayosema kwamba muda umeruka. Mwandishi anaendelea kusimulia mchana mmoja, kwa utulivu uleule, huku akibadilisha jani, joto la maji na sauti za watu, mpaka msomaji anagundua kwamba ndani ya saa chache imepita miaka. Huwaomba wanafunzi wangu wapigie mstari mahali wanapoanza kuwa na wasiwasi, na karibu kila mmoja hupiga mahali tofauti. Neddy anapofika, nyumba imefungwa. Anagonga, anasukuma mlango kwa bega, kisha anachungulia dirishani na kuona kwamba ndani hamna kitu.

Kasoro ya ulimwengu huu sitaificha: ni ulimwengu wa Wazungu, na Wamarekani Weusi hupita humo hasa kama watumishi, bila kupewa nafasi ya kusema yaliyomo mioyoni mwao.

Pombe anayokunywa Neddy ilikuwa pia pombe ya Cheever. Ilikaribia kumuua katika miaka ya 1970, hadi alipoingia kituo cha tiba mjini New York mwaka 1975 na kuacha moja kwa moja. Tangu ujana alivutiwa na wanaume pia, jambo aliloliandika kwa uchungu katika shajara zake, ambazo zilichapishwa mwaka 1991, miaka tisa baada ya kifo chake. Akiwa ameacha pombe aliandika riwaya ya Falconer ya mwaka 1977, ambayo hutukia gerezani na ambayo ilitokana kwa sehemu na kazi yake ya kufundisha wafungwa wa Sing Sing, gereza lililo karibu na kwake. Mwaka 1978 ukatoka mkusanyiko mkubwa wa hadithi 61, uliompatia Tuzo ya Pulitzer, mojawapo ya tuzo kubwa za uandishi nchini Marekani, mwaka uliofuata. Alifariki Ossining tarehe 18 Juni 1982.

Anayetaka kuanza kumsoma na auchukue mkusanyiko huo na kufungua hadithi ya kwanza, "Goodbye, My Brother". Ndugu wamekutana katika nyumba ya familia juu ya bahari huko Massachusetts, na mmoja wao, Lawrence, anaikagua nyumba hiyo na kutangaza kwamba itaangukia majini baada ya miaka michache. Msimulizi, aliyechoshwa na nduguye, anampiga kichwani kwa mzizi wa mti pale ufukweni. Asubuhi Lawrence anaondoka na familia yake. Nyumba bado imesimama, na msimulizi anatazama mke wake na dada yake wakitoka baharini, uchi, wakitembea.